Ngozi za Mama Fancy Hazihesabiwi

Siku ya soko pale Sigor, Noah wa bucha huchinja kondoo mapema, kabla jua halijafika juu ya mabati ya mashine ya kusaga. Siku moja alikuwa amemtundika kondoo kwa miguu ya nyuma, na watu wa maini walikuwa wameshapanga laini na mifuko yao. Noah ni mtu mzuri, haraka ndiyo tu inamsumbua. Kisu chake kilikuwa kinakimbia juu ya ngozi kama mtu anakata sukuma wiki, na kila kikiteleza kinaacha tundu.

Zamani mtu alikuwa anachuna kwa ngumi. Unapasua kidogo pale mguuni, unaingiza ngumi katikati ya ngozi na nyama, unasukuma pole pole, na ngozi inatoka nzima kama mtoto anavuliwa sweta. Lakini ngumi ni ya mtu ambaye anataka ngozi. Noah alikuwa anataka nyama. Ngozi aliikunja akairusha kwa shimo nyuma ya slota, kile kichinjio chake, pale wanatupa mavi ya tumbo na majivu.

Ile ngozi ilikaa kwa shimo kitambo, kama mtu anamaliza chai. Halafu ikasimama. Ilijikung'uta majivu, ikaweka miguu yake chini, hiyo miguu haina mfupa wala kwato, ikapanda juu ya ukingo wa shimo na kushika njia. Mbwa za slota ziliitazama zikarudi kulala. Mbwa hana maneno na kitu hakina nyama.

Noah aliiona ikipita mlangoni.

"Hiyo nayo imeenda," akasema. Halafu akamuuliza mama mmoja kama amwongezee figo.

Ngozi ilipita kanisa, ikapita pale vijana wa boda wanakaa. Kijana mmoja aliipigia honi kwa sababu ilikuwa inayumba katikati ya barabara. Unajua kitu bila mfupa hakiwezi kwenda moja kwa moja. Ilisogea kando ikaendelea. Watu wote wa Sigor walikuwa wanajua inaenda wapi. Ngozi za namna hiyo zilikuwa zinaenda mahali pamoja tu, kwa Tecla.

Tecla watu wanamwita Mama Fancy, kwa sababu mtoto wake wa kwanza ni Fancy, yule aliolewa kule juu kwa majani chai. Mama Fancy ni mwanamke mrefu, mikono yake mikubwa, na kama angezaliwa mwanamume wangempatia kazi ya kubeba magunia. Yeye alipatiwa sindano. Bwana yake, marehemu Kipkurui, alikuwa mtu wa ngozi. Alijenga banda la miti nyuma ya nyumba, bila ukuta, upepo upite. Wawili hao walikuwa wanaosha, wanatia chumvi, wanawamba ngozi kwa fremu za miti pale kivulini. Jua walikuwa hawalitaki. Jua linapika ngozi, unakuja kuishika inavunjika kama mkate umekauka.

Enzi hiyo ngozi ya kondoo ilikuwa na heshima yake. Lori lilikuwa linakuja kila soko kutoka mbali, turnboi ananing'inia mlangoni akiita watu, na bucha walikuwa wanagombania nafasi. Mtu alikuwa anachinja kondoo akifikiria ngozi kwanza. Nyama ni ya kula leo, ngozi ni ya kusomesha. Wako watu wakubwa leo, wako na ofisi, walisoma kwa ngozi ya kondoo na wamesahau.

Halafu lori lilianza kufanya kama kijana ameenda mji. Mwanzo lilikuwa linakuja kila soko. Baadaye likawa la Krismasi. Baadaye likapiga simu tu. Siku moja hata simu ikaacha. Ukiuliza kwa nini, kila mtu ana yake. Wengine walisema wazungu wameacha kuvaa ngozi. Wengine walisema siku hizi wanatengeneza ngozi kwa mafuta ya taa. Wengine walisema kondoo wamepungua kwa sababu mashamba yamekatwa katwa, baba anagawia watoto mpaka inabaki mahali pa kugeuza jembe. Hiyo ya mwisho iko na ukweli kidogo. Lakini nyama ilikuwa inaliwa tu, Noah alikuwa anachinja tu, na kila kondoo anakufa na ngozi yake moja. Ngozi zilikuwa zinatoka vile zilikuwa zinatoka. Ni vile tu zilikuwa zinatoka na kuingia kwa shimo.

Kipkurui alikufa lori likiwa limeshaacha kuja. Walimzika, wageni wakamaliza chakula wakaenda, na Mama Fancy akabaki na banda tupu. Mvua ilikuwa inanyesha siku ile ngozi ya kwanza ilikuja. Ilikuwa nyekundu, na doa jeupe pale shingoni. Ilisimama mlangoni ikilowa. Mama Fancy alikuwa anamenya viazi.

"Umechelewa," akaiambia. "Ingia."

Basi hivyo ndivyo ilianza. Baadaye zilikuja kutoka Longisa, zikaja kutoka masoko ya huko chini, moja moja, zingine zimetembea mbali mpaka zimechoka, manyoya yamejaa matope. Mama Fancy hakufukuza hata moja. Aliziosha kwa karai, akakwangua mafuta kwa mgongo wa panga, akashona matundu ya kisu kwa sindano ya gunia na uzi wa katani aliosokota mwenyewe mpaka ukawa mwembamba kama unywele. Ukitaka kujua mtu ni fundi, angalia mahali palipokuwa na tundu. Kwa ngozi za Mama Fancy ulikuwa unatafuta tundu kwa kidole na huoni. Zenyewe zilikuwa zinatulia akizishona, kama msichana anasukwa nywele. Zikikauka alizisugua na samli mpaka zinakuwa laini, halafu anazifungua kwa fremu, na zinasimama.

Mchana zilikuwa zinatoka kwenda kwa nyasi. Hazikuwa zinakula. Zilikuwa zinainamisha shingo tu, ni mazoea. Jioni zinarudi bandani zenyewe, na Mama Fancy anasimama pale mlangoni akiziangalia zikiingia.

Kuziangalia tu. Hakuwa anahesabu. Kwetu mali haihesabiwi. Mtu akikuuliza una ng'ombe wangapi, unamwambia wako. Akikuuliza tena, unajua ni mchawi au ni mtu wa serikali. Hata watoto hatuhesabu. Kitu ukikihesabu umekiambia kimefika mwisho. Mama Fancy hakujua ngozi zake ni ngapi, lakini alikuwa anajua nani hayuko. Alikuwa anaweza kusimama mlangoni na kusema, "Ile ya Longisa yenye mguu mfupi imebaki mtoni," na anaenda mtoni anaipata.

Mbele ya nyumba yake, kando ya barabara, kulikuwa na kibanda cha viatu cha Eucabeth. Huyu Eucabeth alitoka kule upande wa ziwa, akaletwa na bwana yake aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda cha chai, na bwana alipostaafu wakakataa kurudi kwa sababu ya baridi. Walikuwa wameizoea. Eucabeth alikuwa anauza viatu vya shule, vile vyeusi vya plastiki vinang'aa kama kichwa cha askofu. Yeye na Mama Fancy walikuwa wanapendana sana, ndiyo maana walikuwa wanagombana kila siku.

"Mama Fancy! Wageni wako wamepita hapa tena, hata hawasalimii."

"Watasalimia na nini? Hawana mdomo."

"Hata kichwa wangetingiza."

"Kichwa kiko kwa Noah, kinachemshwa supu."

"Basi mimi nitaenda kusalimiana na supu."

Shida ilianza na afisa wa afya. Alikuja akiwa ameshika pua, na hakukuwa na harufu. Chumvi na upepo vilikuwa vimemaliza harufu zamani. Lakini alikuwa amezoea kushika pua kwa kazi yake. Alimwambia Mama Fancy kwamba kwa sheria ngozi ni bidhaa ama ni takataka. Bidhaa iko na mnunuzi. Takataka inazikwa na chokaa.

"Hata kama inatembea?" Mama Fancy akauliza.

"Hata kama inatembea, mama. Sheria haikuandika habari ya kutembea."

Akampatia mpaka shule zifunguliwe. Kama hazijapata mnunuzi, atakuja na watu na chokaa, zizikwe zote, na banda ling'olewe. Hakuwa mtu mbaya. Alikunywa chai akasema samahani. Ndipo akamwambia jambo moja la kumsaidia. Kule juu, majani chai yanapoanza, kuna kiwanda cha ngozi. Kile kikifunguliwa na kikichukua hizi ngozi, hapo zitakuwa bidhaa na yeye hatakuwa na neno.

Hicho kiwanda kila mtu alikuwa anakijua. Kilijengwa kule juu kwa sababu mheshimiwa aliyekiomba alikuwa mtu wa kule juu. Kondoo wako huku chini, lakini kondoo hawapigi kura. Walikata utepe, watu wakala pilau, wakachora kondoo anacheka kwa ukuta. Halafu wakafunga geti. Kila wakati mtu akiuliza kitafunguliwa lini, jibu lilikuwa moja. Ngozi hazitoshi. Hesabu ya taifa inaonyesha ngozi za kondoo zinashuka kila mwaka, na kiwanda hakiwezi kufunguliwa kwa kitu kinashuka.

Mama Fancy hakulala vizuri siku hizo. Kuzika bwana alikuwa amezika. Lakini kuzika kitu kilikuja kwako kwa miguu yake, kikakuamini, ukakishona, hiyo ni kazi nyingine.

Chifu ndiye alimletea habari kwamba mtu wa kuhesabu anakuja. Jina lake Gordon, anatoka kwa ofisi ya takwimu za mifugo, anazunguka akiuliza ngozi ngapi za kondoo, ngapi za wana-kondoo, ngapi zimeharibika. "Akiandika ni nyingi," chifu akasema, "kiwanda kitafunguliwa. Sasa ni wewe na yeye."

Gordon alifika na gari ya serikali. Kijana mpole, shati limepigwa pasi, na viatu vya ngozi halisi kutoka ng'ambo. Eucabeth alimtambua kwa jina lake mara moja, kwamba ni mtu wa ziwa kama yeye.

"Karibu, nyathina, mtoto wangu! Umetoka nyumbani ukakuja kuhesabia watu ngozi? Mama yako anajua?"

"Anajua, mama."

"Na amenyamaza?"

Gordon akacheka. Aliingia bandani akaziona ngozi zimesimama, zingine zinajikuna kwa nguzo. Alizitazama, akatoa ile simu yake kubwa ya kazi, akafikiria kidogo.

"Hapa kwa fomu kuna sehemu ya mbichi na sehemu ya zilizokaushwa," akasema. "Ya kutembea hakuna. Nitaandika zilizokaushwa."

"Ni zilizokaushwa," Mama Fancy akakubali.

Basi akanyoosha kidole akaanza. Alianza na ile iliyokuwa mbele, ile nyekundu ya doa jeupe shingoni, ile ya kwanza kabisa. Aliposema "moja," ile ngozi ilipiga magoti, ikalala, ikanyooka. Miguu ikakakamaa. Ikawa ngozi tu, kama ile ya kuwekwa chini ya kiti. Gordon alikuwa ameshaangalia ya pili, kidole kimeshaelekea, na hiyo ya pili ilikuwa imeanza kutetemeka magoti.

Mama Fancy alishika kile kidole kwa mkono wake mkubwa. Akakikunja, na vingine vyote akavikunja, mpaka mkono wa Gordon ukawa ngumi.

"Sisi hatuhesabu, mwanangu."

"Naona, mama. Lakini bila hesabu kiwanda hakifunguliwi."

"Na ukimaliza kuhesabu, mimi nitabaki na nini?"

"Utabaki na ngozi."

Mama Fancy akainama, akaishika ile nyekundu. Ilikuwa baridi na ngumu. Alijaribu kuisimamisha, ikaanguka kwa ubavu. Akajaribu tena, ikaanguka. Hakulia, si mtu wa kulia mbele ya wageni. Aliikunja vizuri, pole pole, akaifunga mgongoni kwa leso kama mtoto.

Gordon alikuwa ameshika ngumi yake bado, kama hajui atafungua lini. Eucabeth ndiye alisema, akiwa amesimama pale nje na kiatu kimoja mkononi.

"Kwani huyo kiwanda ni kipofu? Si mumpelekee azione mwenyewe?"

Mama Fancy alimgeukia. "Rudia."

"Nimesema kama shida ni kwamba kiwanda hakijui ziko, kiambiwe kwa macho."

Gordon alisema ofisi inataka namba. Mama Fancy akamwambia namba ni ya mtu ambaye hajaona. Akishaona, namba ya nini? Gordon alifikiria hiyo, akafungua mlango wa gari yake akasema yeye atafuata nyuma na taa za hatari, lori zisije zikawakanyaga.

Waliondoka asubuhi na umande, shule zikiwa karibu kufunguliwa. Mbele Mama Fancy na ile nyekundu mgongoni, nyuma yake zile ngozi zote, mstari mrefu unayumba yumba kama moshi wa jikoni, halafu Eucabeth na gunia lake la viatu, kwa sababu alisema mahali kuna geti kuna biashara. Mwisho kabisa gari ya Gordon inawaka taa.

Zilipopita bucha, Noah alitoka nje akiwa na kisu chake. Hakuwa ameziona pamoja hivyo. Zilikuwa nyekundu, nyeusi, za madoa, zingine nyeupe kama maziwa ya asubuhi, laini, zinang'aa kwa samli, na hakuna hata moja iliyoonyesha kisu kilipita wapi. Zilimpita na hakuna iliyomwangalia vibaya.

"Mama Fancy," akasema, "kumbe zilikuwa nzuri hivi?"

"Hata ukizitupa zilikuwa nzuri."

"Kweli," Noah akasema. Akarudi ndani, kwa sababu kulikuwa na mteja.

Njia ya kupanda ni ndefu, na mtu mwingine angechoka akiwa njiani. Mama Fancy hakuketi. Kila ikibaki nyuma moja, alikuwa anarudi anaichukua, anaitia moyo, anaileta mbele. Kule juu baridi iliwapokea, ile baridi ya majani chai inayoingia kwa mkono wa sweta. Manyunyu yalianza. Wavunaji walikuwa katikati ya majani na vikapu mgongoni, mikono inakimbia, na walipoona msafara unapita waliinuka wakasalimia. Chamgei, Mama Fancy. Chamgei mising. Mzee mmoja aliuliza kama ni harusi. Mwingine akamwambia ni ngozi za Sigor zinaenda kazini. Wakaendelea kuvuna.

Wenye umri waliziona na mikono yao ikasimama. Walikumbuka nyanya zao wakiwa wamevaa ngozi laini ya kondoo, imeshonwa shanga pembeni, inanukia samli na moshi, na mtoto akilia anafunikwa humo na analala. Mama mmoja mzee alitoka kwa laini ya majani, akagusa moja akiwa anapita, akasema "kongoi" tu, yaani asante. Akarudi kwa kikapu chake.

Walifika getini alasiri. Mlinzi alikuwa Kepher, mzee mwembamba na koti la mvua, ambaye aliajiriwa siku utepe ulikatwa. Aliangalia Mama Fancy, akaangalia ule mstari mpaka mwisho.

"Ni za kiwanda?" akauliza.

"Ni za kiwanda."

"Basi." Akatoa ufunguo mfukoni. "Nimeajiriwa nifungulie ngozi. Hakuna ngozi imewahi kuja."

Kufuli lilikuwa limeshika kutu. Eucabeth alitoa mafuta yake ya kung'arisha viatu wakalipaka, na geti likafunguka likipiga kelele.

Ndani kulikuwa na sakafu ya simiti, kubwa kama uwanja wa shule. Kuta nzuri, madirisha makubwa, mabati hayavuji. Kona moja Kepher alikuwa ameanika maharagwe. Zaidi ya maharagwe hakukuwa na kitu. Mashine hakuna. Si kwamba ziliharibika ama ziliibwa. Sakafu ilikuwa haijawahi kuwekwa hata tundu la msumari la kufungia mashine. Bomba la maji liliingia kwa ukuta upande huu, na ukienda upande wa pili ulikuwa unaliona limekatwa hapo hapo, halikuunganishwa na kitu chochote.

Gordon alizunguka ukuta wote. Aliporudi, alikuwa ametoa simu, anaongea na mkubwa wake.

"Niko ndani ya kiwanda, mkubwa. Mashine hakuna... Ndiyo, hazijawahi... Ngozi? Ngozi ziko. Ziko mbele yangu. Zimejaa." Akasikiliza muda mrefu. "Lakini nikiandika kama mwaka jana na mwaka jana tuliandika... Ndiyo, mkubwa. Naelewa. Zinashuka."

Akaweka simu mfukoni. Aliketi kwa ukingo wa dirisha, akavua vile viatu vyake vizuri akaviweka kando, kama mtu ameingia kwa nyumba ya wenyewe.

"Anasema niandike kama ya mwaka jana, nipunguze kidogo."

"Na hizi?" Mama Fancy akauliza.

"Anasema hizi haziko."

Mama Fancy aliangalia ngozi zake. Zilikuwa zimeingia zote, zinanusa simiti, zinajipanga. Zile za Longisa zilichukua upande wa dirisha. Zile nyeusi zilienda kwa kivuli. Upepo ulikuwa unapita vizuri, kivuli kilikuwa kizuri, na hata Kipkurui mwenyewe, alivyokuwa mtu wa kuchagua, angesema hapa ni mahali pa ngozi.

"Kepher," akasema, "zinaweza kubaki?"

Kepher alionyesha ukuta wa nje, pale kondoo anacheka.

"Si kimeandikwa kiwanda cha ngozi?"

Basi zikabaki. Kepher alihamisha maharagwe. Gordon alibaki mpaka giza likaribie, bila viatu, akisaidia kufunga kamba za kuwambia, na Mama Fancy alimfundisha fundo la Kipkurui, lile halilegei hata ngozi ikikauka. Alilishika haraka. Halafu alienda zake Nairobi akaandika vile aliambiwa.

Shule zilipofunguliwa, afisa wa afya alifika Sigor na watu na jembe na gunia la chokaa. Alikuta banda limefagiwa, fremu zimeegemezwa vizuri, na hakuna ngozi. Aliangalia huku na huku. Hakuna takataka, hakuna kuzika, na banda bila ngozi ni miti tu, haikatazwi. Aliacha chokaa kwa ajili ya choo, akaenda.

Mama Fancy siku hizi hulala kwa Fancy, na asubuhi anatembea kwenda kiwandani kati ya majani, kikapu cha sindano mkononi. Kepher anamfungulia kama meneja. Anaosha, anashona, anasugua samli. Mashine hakuna, lakini ile mikono iko, na watu wanaopita barabarani wakisikia anaimba ndani wanasema kiwanda kimeanza. Vijana wa chuo cha Kabianga walikuja siku moja kuangalia. Walisimama mlangoni wakasahau kutoa simu, na aliyeinama kutafuta matundu hakuyapata.

Noah bado anatumia kisu. Alijaribu ngumi wiki moja, watu wa maini wakamfokea. Ngozi bado anazitupa, na bado zinatoka kwa shimo, zinajikung'uta, zinapita kanisa na vijana wa boda. Ila sasa zikifika kwa nyumba ya Mama Fancy hazisimami. Zinajua. Zinapita kibanda kitupu cha Eucabeth na kuanza kupanda. Wavunaji wanaziona asubuhi zikipita kwa ukungu, na wanazipisha.

Ile ripoti ilisomwa kwa redio. Kepher alikuwa amewasha akingoja habari za mpira. Walisema ngozi za kondoo na za wana-kondoo zimeshuka tena mwaka huu, vile ilitarajiwa, na kwamba viatu vya kutoka nje vimeongezeka. Mama Fancy alikuwa anashona mguu mmoja. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Pole yao," akasema, akakata uzi kwa meno.

Eucabeth amehamia pale getini na kibanda kipya. Anauza sana mwanzo wa muhula. Lakini mvua ya huku juu haina huruma na plastiki, na kabla wiki chache hazijaisha soli zinaachana na viatu, zinafunguka mbele kama mdomo wa samaki, na watoto wanapita barabarani jioni wakipiga tope, vidole viko nje, vimekuwa rangi ya zambarau kwa baridi.

Saa hizo zile ngozi zinaacha chochote zilikuwa zinafanya na kuja madirishani. Ile nyekundu haikusimama tena, lakini Mama Fancy aliitandika juu ya ukingo wa dirisha, doa jeupe likiwa upande wa nje, ili nayo isikose. Zinasimama hapo zimebanana, zote, laini, zimeshonwa, tayari, na zinaangalia miguu ya watoto mpaka wa mwisho amepita.